Mzee Aliyesahau Kopo

Jumatano, jioni. Upepo tangu asubuhi na vumbi hadi ndani ya shuka. Mawingu hakuna.

Shajara, leo asubuhi nilimsema mtu mzima vibaya, na nilisema ukweli mtupu. Mpaka saa kumi alasiri nilikuwa na amani. Sasa sina.

Niandike tangu mwanzo, maana kichwani mambo yanagongana.

Shule yetu haina mwalimu wa fizikia tangu mwezi wa tatu. Aliyekuwepo, Mwalimu Shigela, aliacha chaki akaenda kuwa mpima mizani wa wanunuzi binafsi, hawa waliokuja na malori yao baada ya serikali kuruhusu kila mwenye uwezo anunue pamba. Simlaumu. Siku hizi kila mtu anakimbilia gulioni. Ila Mkuu wa shule alitutangazia mstarini kwamba kama mwalimu mwingine hapatikani, mwakani kidato cha tatu hakitakuwa na fizikia. Tutasoma historia, kilimo na biashara. Kamati inakaa kesho saa mbili asubuhi, na ikishaamua imeamua.

Mimi fizikia ndiyo kitu pekee ninachokiweza bila kuinamisha kichwa. Nikisimama kujibu swali la Kiswahili sauti inakwama kooni. Ubaoni, na chaki mkononi, hainikwami. Tangu Mwalimu Shigela aondoke nimejisomea kitabu peke yangu hadi sura ya kumi na moja.

Kumbe alikuwepo mtu wa kutufundisha, na anakaa hatua mia mbili kutoka kwetu.

Mzee Nkwabi ni mzaliwa wa Kasoli. Alirudi kutoka Ulaya mwaka huu, akajenga nyumba ndogo hapa Sapiwi kwenye shamba la marehemu kaka yake. Wiki tatu zilizopita alikwenda ofisini kwa Mkuu akasema yeye ni mwanafizikia, amestaafu, na yuko tayari kufundisha bila malipo.

Bila malipo. Hapo ndipo Mkuu alipoanza kushtuka.

Aliniita ofisini, akafunga mlango. "Limi, mimi ni mtu wa historia, nimeishia Vita vya Majimaji. Huyu mzee akiniambia dunia inaendeshwa na betri nitaandika. Wewe ni jirani yake na somo unalijua. Mchunguze. Kimya kimya."

Nikasema ndiyo, mwalimu. Mimi kwa mwalimu sijui kusema kingine.

Kwa hiyo kwa wiki tatu nimekuwa mpelelezi. Nilijipeleka kwake kila baada ya shule, nikijifanya nimetumwa kuomba moto au kurudisha sufuria. Alifurahi sana kupata mtu wa kumsikiliza. Nilipomwambia jina langu alicheka hadi miwani ikateleza. "Limi! Yaani Jua! Mjukuu wangu, nimelisoma jina lako maisha yangu yote." Nilirudi nyumbani nikiwaza: matapeli nao huanza hivi, kwa kukusifu jina.

Kazi yake, anavyosema, ilikuwa kushika moto usio na chombo. Ukiipasha barafu inakuwa maji, maji yanakuwa mvuke. Ukiendelea kuupasha mvuke kupita joto la jiko lolote duniani, hata chembe zake zinapasuka, na unapata kitu cha nne ambacho si kigumu, si maji, si hewa. Ndiyo plazma. Jua lote ni hiyo. Wao walitaka kutengeneza kipande kidogo cha jua hapa chini ili kiwape watu umeme. Shida ni kwamba plazma ikigusa ukuta wowote, inapoa na kufa hapohapo. Kwa hiyo waliizungushia sumaku kubwa, ikawa inaelea katikati bila kugusa chochote.

"Sasa utapimaje joto la kitu usichoweza kukigusa?" aliniuliza.

Nikasema labda hakipimiki.

"Mama yako anajuaje makaa yameshika vizuri? Anatia kidole?"

"Anaangalia rangi, guku." Ndivyo kwetu tunavyomwita babu.

"Basi. Sisi tulikuwa wa kwanza kuiangalia rangi ile kwa makini, mimi na mwenzangu mmoja. Maabara nyingine walikuja kujifunza kwetu."

Anasema. Neno hilo nimeliandika mara nyingi humu, shajara, ukirudi nyuma utaliona. Anasema walikuwa wa kwanza. Anasema alichunga ng'ombe Kasoli hadi alipopata nafasi ya kusoma ng'ambo, miaka michache baada ya Uhuru. Anasema mtambo wao ulikuwa mkubwa kama ghala la pamba. Vyeti vyote anasema viko kwenye sanduku ambalo bado liko njiani kwa meli. Kitabu chetu cha shule kina mistari miwili tu kuhusu plazma, kwa hiyo angeweza kuniambia lolote.

Alinionyesha picha moja. Wazungu kumi na wawili wamevaa makoti meupe, na mwishoni kabisa kijana mmoja mweusi mwenye miwani, nusu ya uso imekatwa na nguzo. Nusu uso. Hata Baba akivaa miwani anaweza kuwa yule.

Siku moja nilimuuliza kama na mimi naweza kuiona plazma. Akaniambia nikienda mjini Bariadi nisimame mbele ya duka lile lenye jenereta, niangalie ile taa ndefu nyeupe ya mrija juu ya mlango. Ndani ya mrija ule, akasema, ipo plazma, nyembamba na dhaifu, lakini ipo. Jumamosi nilikwenda. Nilisimama mpaka mwenye duka akaniuliza kama nimepotelewa na kitu. Niliona taa. Nikajiuliza ni mtu gani anakwenda Ulaya miaka yote hiyo kusomea taa ya dukani.

Baba naye ana mashaka yake. Kila saa sita mchana Mzee Nkwabi anakaa uani na bomba dogo lenye vioo, analielekeza kwenye jua na kuliacha jua liangukie karatasi, halafu anachora vidoadoa. Anasema jua lina madoa na yanatembea. Wapita njia wanamwita Mzee wa Jua. Wengine wanasema anachora ramani ya mashamba yetu kwa ajili ya kampuni.

"Miaka thelathini Ulaya," Baba alisema, "amerudi na karatasi. Hata redio hana. Wewe Limi unaona sawa?"

"Labda alipenda karatasi," Mayu, mama yangu, akasema.

"Juzi nimemkuta gulioni Kasoli anacheka na Shigela, yule mpima mizani. Walikaa nyuma ya lori muda mrefu. Mzee wa jua na mtu wa mizani, wanacheka nini?"

Msimu huu watu hawacheki ovyo karibu na mizani. Kila mkulima anaamini mizani inamwibia, na kila mnunuzi anaamini pamba imemwagiwa maji au kutiwa mchanga. Zamani kwenye chama cha msingi cha ushirika ulikuwa huuzi mpaka umechambua, pamba safi mbali na fifi, ile chafu, mbali, la sivyo unarudishwa na mzigo wako. Sasa wanachukua vyote kwa pamoja na hawaangalii. Nadhani ndiyo maana kila kitu kimekuwa cha kushuku. Hakuna anayechambua.

Nami nikaamua kuchambua.

Jana alasiri nilikwenda na kitabu cha maswali. Nilichagua swali la kidato cha pili, la kawaida kabisa, ambalo Mwalimu Shigela alitufanyisha hadi tukaliota. Nilifunika majibu kwa kiganja.

"Mwadila, guku."

"Mwadila, mjukuu." Alikuwa anamalizia madoa yake.

Nikamsomea. Kopo la shaba lina uzito huu, ndani yake maji ya nyuzijoto ishirini. Unamimina maji mengine ya uzito sawa na hayo, ya nyuzi themanini. Joto litatulia kwenye nyuzi ngapi?

Hakuinua hata penseli. "Hamsini."

"Hutaki karatasi, guku?"

"Ya nini? Hamsini."

Akaendelea na jua lake.

Niliporudi nyumbani niliyaangalia majibu, ingawa jibu nilikuwa nalijua. Arobaini na nane nukta sita.

Hamsini ni katikati ya ishirini na themanini. Mtoto wa darasa la nne angekisia hivyo! Mwanafizikia aliyepima joto la vipande vya jua, wa kwanza kabisa, anashindwa kupima joto la maji kwenye kopo?

Sasa niungame, kwa sababu hapa ndipo nimeahidi kutodanganya. Sikuhuzunika. Nilifurahi. Kwa muda nilisahau kwamba mzee huyu akiondoka fizikia nayo inaondoka. Nilifurahi kwa sababu shuleni kwetu mimi ndiye ninayejua fizikia kuliko wote, na akija mtu aliyeshika jua mimi nitakuwa nani? Nililala vizuri.

Leo kabla ya kengele nilikwenda ofisini.

"Amekosa swali la kidato cha pili, mwalimu. Amekisia."

Mkuu aliegemea kiti. "Nilijua. Kazi ya bure haiji hivihivi. Huyu nahisi anatafuta mahali pa kuweka jina lake halafu agombee kitu." Akachukua kalamu, akaandika mstari mmoja kwenye karatasi ya ajenda. Niliweza kuusoma ukiwa juu chini: ombi la Mzee Nkwabi likataliwe, mkondo wa sayansi usitishwe.

"Umefanya vizuri, Limi. Una macho."

Nilitembea kutoka ofisini nikijiona nina macho.

Saa kumi nilikuwa uani na Mayu. Yeye bado anachambua. Baba humwambia anapoteza muda, naye humjibu kwamba mkono wake haujui kama sheria imebadilika. Tulikuwa tumekaa kwenye mkeka, pamba katikati, na Baba anapaka mnyororo wa baiskeli mafuta, mara nikaona mtu anakuja kwa barabara ya Kasoli. Alikuwa na vumbi hadi kwenye nyusi. Alipita mlango wa nyumba yake bila kugeuka, akaja kwetu.

Nilidhani Mkuu ameshamwambia. Nilitamani mkeka unifunike.

Alitusalimu, Mayu akampa gunia akalie, akaenda kumletea maji. Alikunywa yote. Halafu, kabla hajasema lolote, mikono yake ikaanza. Mkono wa kushoto ukaitoa fifi, ile ya njano iliyoliwa na wadudu, mkono wa kulia ukaiacha safi. Hakuwa anatazama hata kidogo. Mayu aliacha kazi yake akawa anamwangalia.

"Mzee Nkwabi, nani kakufundisha? Wanaume wa hapa hata hawajui fifi inafananaje."

"Mama yangu, Kasoli. Tena kwa fimbo." Akatabasamu. "Na maabarani kazi ilikuwa hii hii. Vipimo vizuri tunaweka huku, vibaya huku. Ila fifi yetu hatukuitupa. Vipimo vibaya ndivyo vinavyokuonyesha mtambo unavuja wapi. Nina daftari sita za fifi tupu."

"Na ulivuja?" Baba akauliza, bila kuinua kichwa kutoka kwenye mnyororo.

"Siku zote. Mpaka naondoka ulikuwa unavuja."

"Miaka yote hiyo?"

"Miaka yote hiyo. Ila mwanzoni tuliushika moto kufumba na kufumbua. Mwishoni ulikaa muda ambao ungeweza kutamka jina lako na la baba yako." Alisema hivyo kama mtu anayetaja ukubwa wa zizi lake.

Baba hakucheka. Nilishangaa.

Kisha akanigeukia mimi. "Mjukuu, jana nilikudanganya."

Pamba ilinidondoka mkononi.

"Si hamsini. Ni arobaini na nane nukta sita. Nilisahau kopo. Kopo la shaba nalo linakula joto lake, na mimi nililiacha kama halipo." Akatoa mfukoni akanipa karatasi iliyokunjwa mara nne, hesabu yote imeandikwa kwa penseli, na mstari wa kopo ameupigia mstari chini mara mbili. "Unajua kwa nini? Zaidi ya miaka ishirini nimefanya kazi na kitu kisicho na kopo. Kila hesabu tuliyoianza, mstari wa kwanza tuliandika hivi: hakuna chombo. Jana ulipouliza, mkono ukaenda wenyewe. Leo niko Kasoli naangalia mtu anateka maji na kopo, nikalikumbuka swali lako. Nikaona aibu."

"Umetoka Kasoli kwa miguu kwa ajili ya kopo?" Baba aliuliza.

"Sasa ningemwacha aende na kosa langu kwenye mtihani?"

Halafu alifungua mfuko wake wa kaki na kutoa madaftari manne ninayoyajua kabisa, yenye mwandiko wa Mwalimu Shigela ulioinamia kulia. Akasema hii ni mara ya tatu anamfuata kule gulioni. Mara ya kwanza Shigela alidhani ni mkaguzi wa mizani, akakimbilia nyuma ya lori. Mara ya pili, ile ambayo Baba aliwaona, walikuwa wanacheka jinsi alivyokimbia. Leo amekubali kumpa muhtasari na maandalio yake yote. "Mambo ya plazma nayajua," Mzee Nkwabi alisema. "Ya kidato cha tatu nimeyasahau. Lazima nisome kabla sijasimama mbele ya watoto wa watu."

Baba alikazana na mnyororo uliokwisha kupakwa mafuta zamani.

Shajara, mimi si mwepesi wa kuamini. Lakini nimekaa na kuligeuza hili kila upande. Tapeli angekumbuka kopo. Kopo liko katika kila kitabu, ni jambo la kwanza tunalokaririshwa, na tapeli angekuwa amelikariri kuliko sisi. Anayeweza kulisahau ni mtu aliyeishi maisha yake yote na kitu ambacho hakikuwa na kopo.

Kosa lile lilikuwa cheti chake. Nililishika mkononi nikalipeleka ofisini kama ushahidi wa kumfukuza.

Alipoinuka kuondoka aliuliza, kama kitu kidogo tu, "Mkuu wenu amesema lolote?"

Nilitazama pamba. "Bado, guku."

Yeye alisema amenidanganya, na hakuwa amedanganya. Mimi nilidanganya kweli, palepale, mbele ya wazazi wangu, na sauti haikukwama hata kidogo.

Alipofika kwenye uzio aligeuka. "Limi. Siku nyingine ukinipima, funika majibu kwa karatasi. Kiganja kinaonyesha."

Mayu alicheka mpaka akashika mbavu. Mimi nilihisi masikio yanawaka. Kwa hiyo alijua. Alijua tangu jana kwamba namchunguza, na bado ametembea kutoka Kasoli kuja kujisema mwenyewe kwa mpelelezi wake. Angalau hajui kilichoandikwa kwenye karatasi ya ajenda.

Bado kuna mambo siyaelewi. Kwa nini bila malipo? Picha ile kwa nini nusu uso? Sanduku lipo kweli kwenye meli? Nitaendelea kuuliza, na nadhani yeye hatakasirika. Lakini maswali hayo ni ya kumuuliza yeye, darasani, nikiwa nimenyoosha mkono. Si ya kunong'ona ofisini mlango ukiwa umefungwa.

Ninachokiogopa ni Mkuu. Kumwambia mwalimu kwamba ulichomwambia asubuhi si sahihi, wakati amekwisha kukusifu kuwa una macho. Naijua sauti yangu, itakwama. Nimejaribu mara tatu hapa chumbani, kwa kunong'ona: "Mwalimu, nilikosea." Mara zote imetoka nusu.

Nikikwama nitaomba chaki. Nitamchorea kopo ubaoni, nimwonyeshe joto linakwenda wapi, na kwa nini Mzee Nkwabi alilisahau kopo. Chaki hainikwami.

Nimemwomba Baba baiskeli. Hakuuliza ya nini. Alisema tu mnyororo uko tayari.

Mzee Nkwabi alitembea kutoka Kasoli kwa ajili ya nyuzi moja na ushee. Kamati inakaa saa mbili. Saa moja nitakuwa mlangoni kwa Mkuu, na karatasi ya penseli ya mzee iko hapa ndani ya kitabu changu, imekunjwa mara nne kama alivyoikunja.